Mama mkwe anataka mtoto aitwe Morwenna. Nyumbani wanauliza: maana yake nini?

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni Mtanzania, kwetu Muheza. Nimeolewa na mwanamume wa Cornwall, kule kusini-magharibi mwa Uingereza, na ukimwita Mwingereza anakurekebisha papo hapo. Tunatarajia mtoto wa kike. Mama mkwe, ambaye kwao ni kijiji kisicho mbali na mji wa Bude, ameomba mjukuu aitwe Morwenna. Mume wangu amekubali. Mimi pia silichukii, naona lina sauti nzuri. Shida iko nyumbani.

Kwetu mtoto hapewi jina la kuokota. Mama aliponiuliza lina maana gani nikaingia mtandaoni, nikatoka na majibu manne. Ukurasa mmoja unasema ni "wimbi la bahari", mwingine "bahari nyeupe", wa tatu "mwanamwali", na wa nne unadai ni Rowena tu limeandikwa kivingine. Nilipomtajia mama lile la wimbi alinyamaza, kisha akasema wimbi linapiga na kurudi, halikai. Mtoto hapewi hilo. Baba ni mwinjilisti wa Anglikana. Yeye anauliza huyo Morwenna ni mtakatifu gani ambaye hajapata kumsikia, na kama padri atakubali kumbatiza mtoto kwa jina hilo. Wadogo zangu kila mmoja analitamka kivyake, na mmoja ameshaanza kumwita mtoto "Wena" kabla hata hajazaliwa. Mama mkwe aliposikia akasema Wenna ni mtu mwingine kabisa.

Naomba unieleze maana ya kweli, jinsi ya kulitamka na kuliandika lisije kuharibika kwenye vyeti vya nchi mbili, na mahali pa kuliweka jina la mama yangu, Tabitha, maana naye namdai heshima hiyo. Na ikiwa Morwenna halifai, lipo jina jingine la kule ambalo maana yake haina ubishi?

Mama Kijacho, Uingereza

JIBU

Marahaba mwanangu, na hongera.

Morwenna linafaa, lichukue. Ila usilitetee kwa "wimbi la bahari", maana hapo ndipo utakaposhindwa, na mama yako ameshakushinda. Litetee kwa mtu na kwa mahali, kwa sababu hivyo ndivyo vitu ambavyo jina hili linavyo kweli.

Mahali penyewe ni Morwenstow, parokia ya kaskazini kabisa ya Cornwall, juu ya miamba inayotazama Atlantiki, karibu na mpaka wa Devon. Jina la kijiji limeunganishwa vipande viwili: Morwen, yaani huyo mtakatifu, na stow, neno la Kiingereza cha kale la mahali patakatifu. Kanisa la hapo lina jina lake, na ndani yake kuna matao na bakuli la ubatizo la jiwe la enzi za Wanormani. Kwa hiyo kama kwao mama mkwe wako ni karibu na Bude, hakuliona jina hili kwenye orodha ya majina ya kupendeza. Ameomba jina la jirani yake. Mweleze hivyo mama yako, na nadhani ataelewa haraka kuliko maelezo yoyote ya mawimbi.

Mtu mwenyewe ni mwanamke wa zile karne za kwanza za Ukristo wa visiwa vile. Masimulizi yanamtaja kuwa mmoja wa watoto wa Brychan, mfalme wa Brycheiniog huko Wales katika karne ya 5. Maandishi ya karne ya 12 kuhusu Mtakatifu Nectan wa Hartland, jirani upande wa Devon, yanataja watoto 24 wa Brychan waliosambaa Cornwall na Devon, na Morwenna yumo. Ni orodha ya kiroho zaidi kuliko ya damu. Vijiji vingi vilipenda mtakatifu wao ahesabiwe katika ukoo huo. Wenyeji wa Morwenstow husimulia kwamba alibeba jiwe la kujengea kanisa kichwani, akipanda nalo kutoka chini ya mwamba. Alipolitua apumzike, chemchemi ikabubujika pale pale. Msomee mama yako kisa hicho. Mwanamke anayepanda mlima na mzigo kichwani hahitaji kutafsiriwa Muheza.

Sasa maana ya neno. Kikornishi, ambacho wenyewe hukiita Kernewek, si lahaja ya Kiingereza. Ni ndugu wa Kiwelisi na Kibretoni. Kina neno mor, bahari. Kina gwynn au gwenn, nyeupe, ambalo katika lugha hizi tangu kale hubeba pia maana ya aliyebarikiwa. Maneno yakiungana, g ya mwanzo huanguka, gwenn ikasikika wenn. Ndiko ilikotoka "bahari nyeupe". Lakini wimbi kwa Kikornishi ni tonn, na ndani ya Morwenna hakuna tonn yoyote. Kurasa zinazoandika "wimbi" zinanakiliana tu.

Upande wa pili kuna morwyn ya Kiwelisi, yaani msichana, mwanamwali, na Kikornishi chenyewe kina moren kwa maana hiyohiyo. Kwa kuwa masimulizi yanamtoa Morwenna Wales, na sauti za morwyn ziko karibu sana na jina lake, mimi naona "mwanamwali" ina nguvu zaidi. Lakini hakuna anayeweza kukuapia, kwa sababu maandishi yanayomtaja yalikuja karne nyingi baada yake, na walioyaandika hawakufafanua jina. Hata ile -a ya mwisho inanukia Kilatini cha makasisi, maana jina la kijiji halina -a hiyo. Ukiulizwa, jibu kwa usalama: "Ni jina la mtakatifu wa Morwenstow, wengi hulihusisha na neno la mwanamwali." Sentensi hiyo haina mtu wa kuipinga.

Mama mkwe wako ana haki kuhusu Wenna, na hapa uwe mwangalifu kwa sababu kuna majina manne yanayogongana:

Wenna ni mtakatifu mwingine, wa parokia ya St Wenn, katikati ya Cornwall. Naye ametiwa katika orodha ya watoto wa Brychan, kwa hiyo kimasimulizi ni dada.

Marwenne, kwa Kilatini Marwenna, ni wa Marhamchurch, kijiji kilicho kusini kidogo ya Bude. Huyu ndiye anayewachanganya hata Wakornishi wenyewe, kwa kuwa vijiji viko jirani, herufi inayotofautiana ni moja tu, na orodha inawahesabu wote wawili. Marhamchurch wana sherehe yao kila Agosti, na humchagua msichana mmoja kuwa malkia wa siku hiyo. Usije ukampeleka mtoto kule ukidhani ni sikukuu ya somo wake. Siku ya Morwenna hukumbukwa mapema mwezi wa Julai.

Merewenna alikuwa abesi, yaani mkuu wa watawa wa kike, wa Romsey, kusini mwa Uingereza, katika karne ya 10. Jina lake ni la Kiingereza cha kale.

Rowena halimo kabisa. Ni jina la hadithi za wafalme wa Uingereza zilizoandikwa karne ya 12, la binti wa Hengist, kiongozi wa Wasaksoni. Wakornishi ni kizazi cha watu waliopigana na Wasaksoni, basi ukimwambia mama mkwe kwamba Morwenna ni Rowena utakuwa umemgusa pabaya.

Kwa baba yako, jibu ni hili. Morwenna hayumo katika kalenda ya Kanisa zima, ndiyo maana hajamsikia, na hilo halimpunguzi. Watakatifu wa Cornwall, wengi wao, hawakutangazwa na Roma. Utaratibu huo ulikuja karne nyingi baadaye. Walitambuliwa na watu waliosali mahali walipoishi, na makanisa yakashika majina yao hadi leo. Kanisa Anglikana pia halimlazimishi mtoto kubeba jina la mtakatifu, kwa hiyo padri hatakuwa na sababu ya kukataa. Anachohitaji ni jina liwe limeandikwa sawasawa na cheti cha kuzaliwa.

Mwongezee baba jambo moja ambalo nadhani litampendeza. Kasisi wa Morwenstow kuanzia miaka ya 1830 hadi alipofariki mwaka 1875 alikuwa Robert Stephen Hawker. Oktoba 1843 aliwaita waumini wake waje kushukuru kwa mavuno na kushiriki mkate wa ngano mpya, na anatajwa kuwa ndiye aliyeifufua ibada ya mavuno ikaenea katika makanisa ya Kianglikana. Kama baba yako huwapanga Wakristo na mahindi yao na kuku wao siku ya sikukuu ya mavuno, basi kanisa la Morwenna si geni kwake kama anavyodhani. Hawker huyohuyo alizika mabaharia ambao meli zao zilivunjikia chini ya miamba ile. Meli ya Caledonia ilipozama mwaka 1842, sanamu nyeupe iliyokuwa omo mwake, mwanamke mwenye upanga na ngao, iliwekwa juu ya kaburi lao. Ya asili sasa imehifadhiwa ndani ya kanisa, na nje imesimama nakala. Wazazi wakija kumwona mjukuu, wapeleke huko. Kibanda alichojijengea Hawker kwa mbao za meli zilizovunjika bado kipo ukingoni mwa mwamba. Kisima cha Morwenna, hata hivyo, kiko kwenye mteremko mkali wa mwamba. Usijaribu kukishukia na mtoto mgongoni.

Matamshi hayatakusumbua kama unavyohofia. Mkazo wa Morwenna uko kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, pale pale Kiswahili kinapouweka: mo-RWE-na. Waambie wadogo zako waanze "rwe" kama wanavyoanza Rwanda, basi. Kosa watakalofanya ni kuchomeka irabu, "Moruwena", na hilo hurekebishwa kwa kurudia mara mbili tatu. Waingereza wengi wataimeza r na kusema "Mowena". Watu wazima wa Cornwall wenye lafudhi ya zamani wataisikilizisha. Zote mbili ni sahihi. Kwa jina la mkato, epuka "Wena" kwa heshima ya mama mkwe, na nyumbani epuka "Mo", ambalo Tanzania kila mtu ataona ni la kiume. Jina lenyewe ni silabi tatu tu, linaweza kuitwa lote.

Maandishi ndiyo yenye hatari. N ni mbili. Kwa sikio la Mswahili hazibadilishi kitu, ndiyo maana zitaanguka: utakuta Morwena kwenye cheti cha ubatizo, Morweena kwenye kadi ya kliniki, na mwisho pasipoti mbili zenye watoto wawili tofauti. Fanya hivi.

Andika jina zima kwa herufi kubwa kwenye karatasi na uende nalo ofisi ya usajili. Usilitaje kwa mdomo tu. Kabla ya kusaini, msajili atakuonyesha taarifa zote uhakiki. Hapo soma herufi moja moja, mwombe na mume wako asome, hata kama mtoto analia na mnataka kuondoka. Ukishasaini, kurekebisha kosa ni maombi yenye ushahidi, na rekodi ya kwanza hubaki na maelezo pembeni. Kubadili au kuongeza jina la kwanza kunaruhusiwa ndani ya miezi 12 tangu kusajiliwa, lakini hiyo iwe akiba, usiitegemee.

Omba cheti kirefu chenye majina ya wazazi wote wawili, na uchukue nakala zaidi ya moja siku hiyohiyo. Kile kifupi hakina majina ya wazazi, na kwa kuthibitisha ubalozini kwamba mtoto ni wa mama Mtanzania hakitakusaidia.

Tabitha liwe jina la pili: Morwenna Tabitha, kisha jina la ukoo wa mume wako. Sababu ni ya kiofisi. Uingereza huliona jina la kwanza ndilo la kila siku, na mama mkwe ameomba hilo. Lakini jihadhari na fomu za nyumbani. Kwetu jina la kati kwa kawaida ni la baba, na karani anaweza kwa nia njema kabisa kuliandika jina la mume wako pale kati na kumfuta Tabitha. Mwambie mapema anakili cheti kama kilivyo. Huko Muheza mama yako yuko huru kumwita mjukuu wajina, na ukoo mzima ukamwita Tabitha. Mtoto mwenye jina la nyumbani na jina la shuleni si jambo geni kwetu.

Kuna swali moja utakaloulizwa na Waingereza. Wengi wanalijua jina hili kutokana na tamthilia ya Poldark ya BBC, ambamo kuna Morwenna anayelazimishwa kuolewa na kasisi katili. Mhusika huyo anaamsha huruma, hana aibu yoyote, ila ni vizuri uwe unajua wanachokikumbuka. Watoto nao wamemsikia Morwenna mmoja bila kujua: sauti ya mama yake Peppa Pig, yule nguruwe wa katuni ya watoto, ni ya Morwenna Banks, mwigizaji mzaliwa wa Cornwall.

Umeuliza kuhusu jina lenye maana isiyo na ubishi. Yapo, lakini ujue kwa nini hayana ubishi. Kikornishi kilikoma kuwa lugha ya jamii karne ya 18. Dolly Pentreath wa Mousehole, aliyefariki mwaka 1777, ndiye hutajwa kama mmoja wa wa mwisho kukua nacho. Kikaanza kufufuliwa, na kitabu cha mafunzo cha Henry Jenner cha mwaka 1904 ndicho kilichowasha moto. Waliokifufua wakaanza kuwapa watoto maneno ya kawaida ya lugha yao kuwa majina. Maana yake imo kwenye kamusi, haihitaji kukisiwa.

La kwanza ningekupa ni Lowenna. Lowen ni -enye furaha, na lowena ni furaha yenyewe. Krismasi wanatakiana Nadelik Lowen. Mama yako ana Furaha wangapi mtaani? Angelipokea siku hiyohiyo. Jina huandikwa kwa n mbili ingawa neno la kamusi lina moja, kwa hiyo tahadhari ya vyeti ni ileile.

Kerensa ni upendo. Ukoo wa Polwhele, wa zamani sana Cornwall, una kaulimbiu Karenza whelas karenza, upendo hutafuta upendo, na kwa tahajia unaona tatizo lake: Kerensa, Kerenza, Karenza, Karensa, zote zinatumika. Chagua moja na uishikilie. Steren ni nyota, fupi na rahisi. Elowen ni jina la mti, elm, na miaka hii limependwa mno hata Marekani. Kama mnataka jina adimu, hilo limeshaanza kupoteza uadimu wake. Demelza usilichague kwa maana, kwa sababu ni jina la kitongoji, kiko ndani ya ile parokia ya St Wenn.

Na lipo jingine ambalo Muheza wanalo tayari. Jenifer, kwa n moja, ni umbo la Kikornishi la Guinevere, mke wa mfalme Arthur katika hadithi, na limeishi Cornwall tangu zamani kabla ya Waingereza wengine kuliiga na kulieneza duniani. Yule Jenifa wa kwaya ya kanisani kwenu amebeba jina la Cornwall. Halitamshangaza mtu yeyote, na huo ndio upungufu wake pekee kwa bibi anayetaka jina la kijiji chake.

Mimi ningebaki na Morwenna Tabitha. Lowenna lina maana nyepesi kueleza, lakini Morwenna lina kanisa, lina kijiji, na lina bibi aliyeliomba kwa sababu anatoka huko. Wazazi wako wanauliza maana kwa kuwa wanataka kujua jina limetoka wapi, na sasa unaweza kuwaonyesha hata kwenye ramani.

Sheria ya Uingereza inakupa siku 42 kumsajili mtoto tangu azaliwe, na ofisi nyingi huenda kwa miadi. Piga simu wiki ya kwanza, mkielewana kabisa juu ya herufi zote.